Filamu za dayari: klipu za washkaji zinageukaje kuwa muvi?

Watu wengi wakisikia filamu ya majaribio wanajua ni vile vitu visivyoeleweka, kamera inaangalia ukuta dakika kumi alafu inaisha, na wakisikia filamu ya dayari wanadhani ni vlogi. Sa hivi vitu viwili vikikutana, yani mtu mmoja na kamera yake ya bei poa, wahusika ni washkaji zake tu, hakuna skripti, hakuna aliyelipwa, hapo ndo watu wanachanganyikiwa kabisa. Ni dokumentari? Ni uvivu wa kuandika stori? Au ni video za nyumbani tu ila mwenyewe kaamua kuziita sanaa?

Nitaifungua hii kitu kwa kumfuata zaidi mtu mmoja, Jonas Mekas wa New York, sio kwamba alikuwa peke yake, ila alidumu nayo karibu maisha yake yote alafu alikuwa anaeleza wazi anachofanya na kwanini, kitu ambacho wasanii wengi hawapendi.

Mekas alizaliwa kijijini Lithuania mwaka 1922. Mwaka 1944 yeye na mdogo wake Adolfas walidakwa na Wajerumani wakiwa safarini wakapelekwa kambi ya kazi za lazima Elmshorn, karibu na Hamburg, vita ilivyoisha wakahamahama kwenye makambi ya wakimbizi mpaka October 1949 wakashushwa New York. Kingereza cha kuungaunga, vibarua vya viwandani Brooklyn. Miezi kama miwili tu baada ya kufika wakakopa hela wakanunua kamera ya Bolex. Hela ya kukopa, mjini wageni, wananunua kamera! Kila mtaa una kichaa wa hivo na mara nyingi anaishia kuchekwa tu.

Na hapa kuna kitu watu wanakikosea. Mekas hakuanza akisema sasa natengeneza filamu ya dayari. Alitaka kutengeneza muvi za kawaida, zile zenye stori na waigizaji, sema muda hakuwa nao, leo kazi, kesho jarida la Film Culture alilokuwa analiendesha, keshokutwa anahangaika na filamu za wenzake, kwahiyo alikuwa anapata sekunde kumi hapa, nusu dakika pale, anapiga theluji, anapiga washkaji mezani, kwa mawazo yake ni mazoezi tu ili mkono usisahau kamera. Alipokuja kukaa chini kuangalia alichokusanya akagundua vitu ni vilevile vinajirudia, miti, watoto, nyuso za marafiki, theluji, kila mwaka. Kumbe mazoezi ndo ilikuwa kazi yenyewe.

Tuje kwenye mashine sasa maana bila kuielewa mashine huwezi kuelewa kwanini hizi filamu zinaonekana vile. Bolex ni kamera ya Uswisi ya mkanda wa milimita 16, haitumii betri, unaifunga kwa mkono kama saa za ukutani za zamani na spiringi ikishajaa unapata kama nusu dakika ya kupiga alafu inasimama yenyewe. Mkanda mmoja wa futi 100 una fremu 4,000, ukipiga kwa mwendo wa kawaida wa fremu 24 kwa sekunde unakuishia ndani ya dakika 2 na sekunde 46 hivi. Fanya hesabu, saa 1 ya picha inakula karibia mikanda 22, na kila mkanda unanunua, unalipia kusafishwa, alafu unalipia kopi ya kufanyia kazi. Mtu wa kibarua hawezi. Kwahiyo anafanyaje?

Anapiga fremu mojamoja. Bolex ina uwezo huo, unabonyeza inachukua picha moja, unabonyeza tena nyingine, sasa zile fremu 4,000 ambazo zingekuishia kwa dakika tatu unaweza kuzitawanya kwenye siku nzima au hata wiki. Ukija kuonyesha ukutani kila kitu kinaruka, harusi nzima inapita kwa sekunde 40, uso wa mtu unatokea unapotea, maua, gari, mkono, kikombe, mpaka macho yanauma kidogo mwanzoni. Watu wanaona ni mbwembwe za kisanii, na kweli baadae ilikuwa staili, ila mzizi wake nusu ni hela na nusu ni muda. Marie Menken alikuwa anafanya hivi kabla yake, mama mmoja wa Brooklyn ambae wazazi wake pia walitoka Lithuania, alikuwa na kazi ya zamu za usiku kwenye kampuni ya jarida la Time alafu anatengeneza filamu fupifupi kwa Bolex, bustani ya rafiki yake kwa dakika tano, au New York nzima kwa dakika kama kumi na moja inakimbia balaa kwenye Go! Go! Go!. Mekas alikuwa anamheshimu sana na ukiangalia kazi zao unaona kwanini.

Jambo lingine la mashine: Bolex ina kelele, grrrrr, huwezi kurekodi mazungumzo vizuri pembeni yake na yenyewe hairekodi sauti. Kwahiyo kwenye hizi filamu mdomo unacheza na maneno husikii. Sauti inakuja baadae na inatoka kwingine, mashine ya kanda, redio, treni za chini ya ardhi, mtaani, kinanda cha Chopin, na sauti ya Mekas mwenyewe na lafudhi yake ya kijijini anaongea polepole kama mtu anaekumbuka. Nadhani hii ndo siri ambayo klipu zetu za simu hazina, kwasababu simu inakupa picha na sauti zimegandishwa pamoja na sisi tunaziacha hivohivo, kelele ya upepo na yule mshkaji anayepiga mayowe kila klipu.

Sasa tufike kwenye kiini. Kati ya kuandika dayari na kupiga dayari kuna tofauti moja kubwa. Ukiandika unakaa usiku, siku imeshapita, unachagua la kuandika ukiwa umeshajua siku imeishaje. Ukipiga kamera huna hiyo nafasi, unapiga sasahivi kinapotokea au umekosa, hujui kama huyu mtu anaecheka mbele yako mwakani atakuwepo, hujui kama hii nyumba itavunjwa. Mekas mwenyewe alilieleza hili, kwamba kamera inakulazimisha kujibu palepale, na hali yako ya siku ile, umechoka, una furaha, una njaa, inaingia kwenye namna unavyotikisa mkono. Lakini baadae, kuna baadae ndefu sana, mtu huyohuyo anakaa kwenye meza ya kuediti na sasa anajua kila kitu. Anajua nani alikufa nani alihama nani waligombana. Kwahiyo filamu ya dayari inatengenezwa na watu wawili wenye jina moja, mmoja hajui kitakachotokea na mwingine anajua, na ladha yote iko kwenye umbali kati yao.

David James, msomi wa sinema, aliandika mwaka 1992 kuhusu kazi za Mekas akatenganisha vitu viwili ambavyo tunavichanganya kila siku: kuna kule kupiga dayari, ambako ni tabia ya mtu binafsi, ya kwake, haina mwisho na haina mtazamaji, na kuna ile filamu inayokuja kutengenezwa kutoka kwenye hayo makopo ya mikanda, yenye mwanzo na mwisho, inayokwenda kwa watu wasiokujua. Ukishaelewa hapo maswali mengi yanajibika yenyewe. Vlogi inaruka huu umbali, imepigwa jumatatu imepanda jumanne. Sisemi ni mbaya, mi mwenyewe naziangalia, ila ni kitu kingine, aliyepiga na aliyeediti bado ni mtu yuleyule.

Mfano mzuri ni Lost, Lost, Lost ya mwaka 1976, karibu saa tatu, na picha zake za mwanzo ni za 1949! Miaka 27. Unaona Walithuania wa Brooklyn wamevaa makoti yao wanaimba, wanafanya mikutano ya kurudi kwao, wanapiga picha za pamoja, yule kijana aliyekuwa anawapiga alikuwa mmoja wao na aliamini anatunza kumbukumbu ya watu ambao wako njiani kurudi nyumbani. Yule mzee wa 1976 anaeongea juu ya hizo picha anajua wengi hawakurudi. Hajabadilisha picha, sauti tu ndo imekuja juu yake, na maana imegeuka yote.

Kwenye filamu hiyohiyo sehemu ya mwisho kuna kisa cha 1963, yeye na wenzake, Ken Jacobs alikuwepo, walienda Vermont kwenye semina maarufu ya dokumentari ya Flaherty wakiwa wamebeba filamu zao za ajabuajabu, hawakupokelewa, wakalala nje kwenye magari na baridi kali. Asubuhi wanaamka wamejifunika mablanketi kama watawa, ukungu umetanda, wanazungukazunguka kwenye majani na kamera zao, na ni moja ya vipande vizuri kuliko vyote kwenye zile saa tatu. Wametoswa kabisa lakini ukiangalia unatamani ungekuwepo.

Ambayo inatuleta kwa washkaji. Kwanini marafiki? Jibu la haraka ni kwamba ni bure na wapo. Lakini kuna zaidi. Mtu asiyekujua ukimwekea kamera anajipanga, ananyoosha kola. Rafiki aliyekuona na kamera miaka mitano ameshaizoea mpaka haioni tena. Fikiria video ya harusi zetu, kameramani kakodiwa, taa inakupiga usoni, kila mtu anatafuna taratibu kama yuko kwenye interview, meza kwa meza mnasalimia. Kila mtu yupo kwenye ile video na hakuna hata mmoja aliye yeye. Kwenye dayari anaepiga nae anakula sahani moja na wenzake, anaweka kamera chini anachukua nyama, anaokota kamera tena, kuna shimo hapo katikati na shimo lenyewe linakuambia alikuwa sehemu ya sherehe.

Alafu marafiki ndo waliokuwa soko. Hii watu wanaisahau. Hakuna kampuni ya kusambaza ingechukua hivi vitu, kwahiyo mwaka 1962 Mekas na wenzake wakaanzisha Film-Makers' Cooperative, ushirika kabisa, filamu inabaki mali ya mtengenezaji, hakuna kamati ya kukataa filamu ya mtu eti haina kiwango, ukileta inaingia kwenye katalogi na ikikodishwa sehemu kubwa ya hela ni yako. Bado upo mpaka leo. Kuonyesha filamu za wenzako nako kulikuwa na gharama, 1964 polisi walimkamata Mekas kwa kuonyesha Flaming Creatures ya Jack Smith wakisema ni uchafu. Mwaka 1970 ikafunguliwa Anthology Film Archives, sehemu ya kutunza na kuonyesha. Kwahiyo ukisikia sinema ya bajeti ndogo usifikirie mtu peke yake chumbani, bajeti ilikuwa ndogo kwasababu kuna watu walikuwa wanabebana, huyu ana projekta, yule ana chumba, mwingine anajua kuunganisha mkanda, wewe leo unapiga na kesho unapigwa. Mekas ndo alishika kamera kwenye Empire, filamu ya msanii Andy Warhol, lile jengo la Empire State limesimama tu masaa nane hivi, sijawahi kuimaliza na sidhani kama nitakuja kuimaliza.

Lakini urafiki una bei yake. Ed Pincus, mwalimu wa filamu kule Massachusetts, kati ya 1971 na 1976 alipiga maisha yake na mke wake Jane na watoto na marafiki, wakati ambao yeye na mkewe walikuwa wanajaribu ndoa ya wazi, yani kila mmoja anaruhusiwa mahusiano ya nje. Unaona watu wanalia kweli mbele ya kamera, unaona mkewe amechoka na kamera yenyewe. Na alijiwekea sharti, kupiga miaka mitano alafu kuacha miaka mingine mitano bila kuediti. Mi naona lile sharti ndo lililoifanya iwe filamu na sio ugomvi wa familia uliovujishwa. Muda ulimpa nafasi ya kujiona yeye mwenyewe kama mhusika, tena sio wa kupendeza sana. Swali la ruhusa haliishi ila linabadilika: rafiki yako alikubali kupigwa akiwa na miaka 22, je amekubali kuonekana akiwa na 32, ana watoto, ana bosi? Ruhusa ya siku ya kupiga sio ruhusa ya siku ya kuonyesha. Muulize tena.

Je hizi filamu ni ukweli? Nusunusu. Kamera haikudanganya lakini mtu alichagua lini aiwashe. Mekas anaonyesha harusi, theluji, pikniki, vikombe vya divai, hapigi siku alizokuwa hana kodi ya nyumba, na alikuwa nazo nyingi. Mwaka 2018 mwanahistoria Michael Casper aliandika kwenye New York Review of Books kwamba hadithi ambayo Mekas alizoea kusimulia kuhusu ujana wake wakati wa vita haikai sawa, kwamba alifanya kazi kwenye magazeti yaliyokuwa yanatoka chini ya utawala wa Wanazi kule kwao. Casper hakusema Mekas mwenyewe aliandika chuki dhidi ya Wayahudi, na kuna waliomtetea Mekas kwa nguvu, mjadala ukawa mkali. Mi siwezi kuamua kesi hiyo hapa. Ila kwa anaetaka kuelewa filamu za dayari ni lazima ujue kwamba mtu anaweza kukuonyesha miaka hamsini ya maisha yake na bado kukawa na mlango mmoja ambao kamera haikuingia, na anaeshika kamera ndo anaeshika funguo.

Ukitaka kuona mwisho mwingine kabisa wa huu mchezo mtafute Anne Charlotte Robertson. Huyu alianza mwaka 1981 na Super 8, ile mikanda midogo ya Kodak inayokuja kwenye kibweta, unachomeka unapiga dakika tatu na kidogo imeisha. Aliita Five Year Diary lakini ilikwenda mpaka miaka ya tisini, rili zaidi ya 80, yani mikanda mirefu aliyopata kwa kuunganisha vile vibweta, zaidi ya masaa 30. Hapa hakuna washkaji maarufu wala Chopin. Kuna chakula, uzito wake, paka, bustani, mama yake, ugonjwa wa akili na dawa zake, anajipiga mwenyewe uchi akiwa na hasira na mwili wake. Na alivyokuwa anaonyesha alikuwa anakaa palepale ukumbini anaongea laivu juu ya sauti iliyorekodiwa, kwahiyo una sauti mbili za mtu mmoja zinapishana, ya wakati ule na ya usiku huu. Ule umbali niliosema juu yeye aliuweka mbele ya watu bila kuuficha. Kwangu mimi yeye ni mkali kuliko Mekas, ila kumwangalia kunahitaji moyo.

Sasa sisi na simu. Kamera ipo mfukoni, mkanda hauishi, kusafisha picha ni bure, kwahiyo kila kizuizi kilichowatesa hawa kimeondoka na bado folda zetu zimejaa klipu elfu tatu ambazo hakuna anaeziangalia. Tatizo limegeuka kichwa chini. Wao walikuwa na picha chache mno, sisi tunazo nyingi mno, na kile kikomo cha dakika tatu kilikuwa kinawafanyia kazi ya kuchagua ambayo sisi inabidi tuifanye kwa makusudi. Mekas mwenyewe alipofika kwenye video hakulia lia, mwaka 2007 akiwa na miaka 84 alitengeneza video moja kila siku ya mwaka akaziweka kwenye intaneti, 365, nyingine ni yeye tu na kinywaji anaimba. Ila ona, alijipa kikomo, moja kwa siku.

Kwahiyo kama mnataka kujaribu na washkaji jiwekeeni sheria mbovumbovu za makusudi. Mfano hakuna klipu inayozidi sekunde kumi. Au kutumia kitufe cha pozi, simu nyingi za Android zinacho wakati wa kurekodi, unapiga siku nzima kwenye faili moja tu kwa kusimamisha na kuendelea, usiku hauediti kitu, ilivyotoka imetoka. George Kuchar alikuwa anaediti ndani ya kamera hivi hivi kwenye video zake za miaka ya themanini, anarudisha nyuma anarekodi juu yake, alikuwa anakwenda Oklahoma kila mwaka kukaa motel ya bei rahisi kusubiri vimbunga, na filamu zenyewe ni yeye, hali ya hewa, chakula cha kopo na choo. Zinachekesha kuliko unavyofikiri.

Sauti rekodini pembeni, siku nyingine kabisa. Chukua daladala, jiko, mvua kwenye bati, bibi anasimulia, alafu weka juu ya picha ambayo haihusiani nayo uone kinachotokea. Na kosa la kamera usilifute haraka. Mekas alivyorudi Lithuania 1971 kumwona mama yake baada ya zaidi ya miaka 25 alibeba Bolex mpya na ikamsumbua safari nzima, mwendo hautulii, mwanga unapanda unashuka wenyewe, na huwezi kumwambia mama yako turudie. Akaamua kwenda na kasoro, akaigeuza kuwa mwendo wa filamu, na sehemu ya Lithuania kwenye Reminiscences of a Journey to Lithuania ya 1972 inapepesuka kweli, na leo watu wanaisoma filamu hiyo vyuoni.

Jambo la mwisho ni la kichovu ila ndo linaua dayari nyingi kuliko kukosa kipaji. Kama filamu inakuja kutengenezwa miaka kumi baadae, basi klipu lazima ziwe hai miaka kumi baadae. Mkanda ukikaa kwenye kopo sehemu kavu na yenye ubaridi unaweza kudumu miongo, ndo maana picha za 1949 zilikuwepo 1976, lakini simu inaibiwa Kariakoo mchana kweupe na diski ikidondoka mara moja kwisha habari. Usihifadhi kwa kujitumia WhatsApp kama video ya kawaida maana inabana mpaka nyuso zinakuwa uji, na faili likipita kwa watu watatu tarehe yake halisi imeshapotea. Toa kwenye simu kila mwezi, folda iwe na mwaka na mwezi, kwenye jina la faili andika nani yupo na mko wapi kwasababu utasahau, unadhani hutasahau lakini utasahau, na weka kopi mbili, ya pili ikae kwa mshkaji mwingine mtaa mwingine.